Watu wa Nyumba Hii Hawahesabiwi

Mjukuu wangu alikuwa na akili, nalisema bila aibu. Wengine husubiri jirani awasifie wajukuu wao. Mimi sikuwa na subira hiyo, na jirani zangu wengi walikuwa wameshakimbia.

Tulikuwa Kanyosha, kusini mwa Bujumbura, miaka ile ya vita, katika nyumba ya vyumba vitatu yenye ukuta wa matofali na lango la bati. Mlimani juu yetu watu walipigana. Chini barabarani wanajeshi walifungua njia ya mjini walipotaka na kuifunga walipotaka. Katikati ndiyo sisi, kama ndagala, wale dagaa wa ziwani, kikaangoni: juu mfuniko, chini moto.

Sisemi tulikaa nyumbani, maana nyumbani mtu hutoka akarudi. Sisi tulikuwa ndani. Asubuhi tulisikiliza kwanza, ndipo tukafungua mlango. Kukiwa kimya, tulivuka uwanja kwenda jikoni. Kusipokuwa kimya, tulikula kiporo, na kama kiporo hakikuwapo tulikunywa maji tukajilaza. Nilijua kila ufa wa dari ile. Kuna mmoja ulikuwa na umbo la mbuzi, na siku nyingine nilijikuta nauzungumzisha.

Mtoto alikuwa darasa la sita. Mwisho wa darasa la sita kuna mtihani wa taifa, sisi tunauita konkuru. Ukishinda unapelekwa sekondari, na wengi walipelekwa shule za bweni mikoani, mbali, sehemu zilizokuwa na utulivu kidogo. Ukishindwa unabaki. Kwa watu wengine kubaki ni kurudia darasa. Kwetu kubaki ilikuwa ni kubaki nyuma ya lile bati mpaka kitu kimoja kati ya bati na sisi kitobolewe. Nilitaka atoke. Nilitaka atoke hata kama mimi ningebaki nikifuga mende.

Shule yake ilikuwa imefungwa na walimu wametawanyika. Lakini nyuma ya ukuta wetu aliishi mwalimu mstaafu, mwanamke mwenye mguu mbovu na sauti ya kufundishia watoto mia. Ukutani palikuwa na tofali moja lililotoka. Kupitia tundu lile mimi nilimpa sombe, yale majani ya muhogo ya kutwanga, naye akampa mtoto masomo. Hatukuwa tukionana sawasawa. Yeye aliona jicho, sisi tuliona mdomo.

Mtu mwingine ndani ya uwanja ule alikuwa mpangaji wangu, mama wa Kikongo kutoka Uvira, muuza vitenge. Alikuja kwa wiki moja tu, kuuza mzigo wake, vita vikamnasa. Alikuwa na mdomo huyo, Mungu amsamehe, lakini bila yeye ningekuwa nimeshaoana na yule mbuzi wa darini.

Kifaransa mtoto alikijua. Kuzidisha na kugawanya alikuwa akinichosha kwa majivuno. Somo lililomshinda lilikuwa moja: seti. Yaani makundi ya vitu. Kuna seti zenye mwisho na seti zisizo na mwisho, na unatakiwa kuzijua ukiziona, kama unavyojua jogoo na tetea.

Siku ya kwanza ya somo hilo nilikuwa nimekaa karibu na ukuta nikichambua maharage kwenye ungo. Mwalimu akauliza kutoka tunduni:

"Maharage ya gunia la bibi yako. Yana mwisho ama hayana?"

"Hayana," mtoto akajibu.

"Nani kakuambia?"

"Bibi."

Ni kweli nilimwambia. Kabla ya vita niliuza maharage sokoni miaka mingi, kwa vikopo, na sikuwahi kuona mtu akihesabu punje. Maharage yanapimwa. Kitu ambacho hakihesabiki kitakuwaje na mwisho? Nikamwambia mwalimu hivyo hivyo, kwa sauti, maana sipendi kusahihishwa na mdomo usio na uso.

"Mama," akasema, "ukitoa punje moja, halafu nyingine, halafu nyingine, gunia litafika siku liwe tupu ama halitafika?"

"Litafika. Lakini mimi nitakuwa nimekufa kwa uchovu."

"Basi utakuwa umekwisha wewe. Na maharage nayo yatakwisha, atahesabu mwingine. Kufa kwako hakuongezi punje."

Mpangaji akacheka mpaka akashika ukuta. "Mama, mi nasema hivi, kwa hii nyumba gunia itakuwa tupu juma hii, na hakuna mutu amehesabu kitu."

"Nyamaza wewe, ndiwe unayelila."

Lakini na yeye akanaswa. Akasogea tunduni. "Mwalimu, na muchanga ya ziwa?"

"Una mwisho."

"Na majani yote ya pori ya Kongo?"

"Yana mwisho."

"We umefika kule?" Aliuliza kama mtu aliyetukaniwa nchi.

"Sijafika. Kuna mti wa mwisho, na mti huo una jani la mwisho. Kutolifahamu ni shida yako, jani halina habari."

Nilikaa na neno lile siku nzima. Nilikuwa nimeishi mpaka kupata mjukuu nikidhani kitu kikinishinda kuhesabu basi hakina mwisho. Kumbe kipimo si mimi. Kipimo ni kama kitu chenyewe kinafika mahali kinakatika.

Sasa ni kitu gani basi ambacho hakikatiki? Mwalimu alisema namba zenyewe. Moja, mbili, tatu, na kuendelea. Mtoto akaandika kwa chaki kwenye sakafu ya saruji. Seti inawekwa ndani ya mabano, moja mwanzo, moja mwisho, na kila bano limejikunja katikati kama mwanamke aliyeshika kiuno. Seti yenye mwisho unaandika wote walio ndani, unafunga. Isiyo na mwisho unaandika wachache, kisha nukta tatu. Nilimuuliza zile nukta ni za nini, maana zilifanana na mavi ya panya.

"Zinasema inaendelea hivyo hivyo, Bibi. Haisimami."

"Haiwezekani," mpangaji akasema. "Mi nitapata mwisho yake. Kwetu noti zilikuwa za mamilioni, mutu anabeba milioni kununua chumvi. Namba kubwa mi nazijua. Milioni elfu."

"Na moja," akasema mtoto.

"Milioni ya milioni."

"Na moja."

"Weka milioni, ongeza milioni, funika na milioni ingine."

"Na moja, Mama."

"Mutoto huyu iko na kichwa nguvu sana. Mama, mukatazie."

Waliendelea hivyo mpaka ugali ukashika chini. Nilimwona mpangaji akitafuta namba kama mtu anayetafuta ufunguo mfukoni, na kila akiipata yule mtoto anaiongezea moja kwa upole, kama anampa chai. Ndipo yeye naye akaelewa. Alikaa chini akasema, "Basi hii kitu ni mubaya."

Wao walicheka. Mimi nilitazama zile nukta tatu sakafuni, na bati la lango, na ukuta, nikaona kwamba kitu kisichokwisha si kizuri ukiwa umefungiwa nacho. Nikamuuliza mtoto: "Vita hivi ni vya namba ama ni vya maharage?"

"Sijui, Bibi. Mwalimu hajafundisha."

Mwalimu alikuwa amesikia. Ukuta ule haukuwa na siri. "Ni vya maharage," akasema. "Tatizo, hakuna aliyetuonyesha gunia."

Nilimpa sombe nyingi kidogo siku ile.

Wiki za mwisho kabla ya mtihani risasi zilisogea. Hatukukaa tena uwanjani, ila mtoto alikwenda kwenye tundu akiinama, na mwalimu aliuliza haraka haraka, kama anayetupa mawe.

"Siku za juma?"

"Zina mwisho."

"Namba zinazogawanyika kwa mbili?"

"Hazina mwisho."

"Seti tupu, toa mfano."

"Sufuria yetu leo," akajibia mpangaji kutoka dirishani.

"Watu wa nyumba yenu?"

"Hawana mwisho," akasema mtoto.

Pale mwalimu akamsimamisha. "Rudia."

"Watu wa nyumba yetu hawana mwisho, mwalimu."

Mimi nilikuwa jikoni, nikasikia, nikafurahi. Nilimlea vizuri. Sisi hatuhesabu watu. Ukiniuliza nimezaa wangapi, nitakuambia Mungu amenipa, na hapo umeshiba. Mtu akisimama mlangoni pa mwenzake akawanyooshea watoto kidole mmoja mmoja, huyo anatafuta ugomvi. Hata ng'ombe hawahesabiwi mbele ya mwenyewe. Ukihesabu, unamwonyesha aliyejificha pa kuanzia kupunguza. Tangu mtoto aanze kuuliza maswali nilimwambia: watu wa nyumba hii hawahesabiwi. Naye alichukua neno langu akaliweka kwenye hesabu, upande wa zile nukta tatu.

"Mama," mwalimu akaniita, "unasikia anachosema?"

"Nimesikia. Kasema vizuri."

"Kasema vibaya. Mtu mmoja, mtu wa pili, mwisho wanakwisha. Ni maharage."

"Usiwaite watu wangu maharage."

"Mtihani haujui miiko yako."

"Na mtihani haujui watoto wangu. Unawauliza wa nini?"

"Ni mfano tu."

"Chukua mfano wa nyumba yako."

"Nyumba yangu ni mimi na huu mguu," akasema. "Nimeshahesabu. Zamani sana."

Kisha akasema taratibu, si kwa ile sauti ya darasa: "Watoto wanaachana kwa alama moja. Akikosa hili kwa sababu yako, atabaki na wewe humo ndani. Seti lazima ijulikane nani yumo na nani hayumo. Leo mkae, mjue. Kesho aniletee imefungwa."

Mchana ule tulikaa sakafuni, mimi, mtoto na mpangaji. Mtoto akachora bano la kwanza. Akaandika: Bibi. Akaandika: Mimi. Kisha chaki ikasimama.

Nawaambieni, niliona aibu. Miaka yote nilikuwa nikisema watu wa nyumba hii hawahesabiwi kama vile tulikuwa kikosi. Na pale chini tulikuwa maneno mawili, na nafasi kubwa ya saruji imebaki.

Mpangaji akakohoa. "Na mi je? Niko ndani ama niko inje?"

"Wewe ni mpangaji."

"Nalala wapi?"

"Ndani."

"Nakula wapi?"

"Kwangu, na kodi hulipi."

"Bas. Aandike."

Mtoto akaandika: Mpangaji. Akafuta kidogo kwa kidole, akaandika tena vizuri. Bano la mwisho hakuchora. Alinitazama.

"Bibi. Baba niandike?"

Mama yake mtoto alifariki yeye akiwa ananyonya. Baba yake, mwanangu, alikuwa dereva wa lori la mawese, kutoka Rumonge kuja mjini. Alitoka asubuhi moja mwaka uliotangulia. Lori lilionekana njiani limeungua, yeye hakuonekana, si mzima wala maiti. Hakurudi tena; nakuambieni sasa msije mkasoma mkimngoja. Lakini wakati ule mimi bado nilikuwa namngoja. Shuka lake lilikuwa limekunjwa kitandani, na hakuna aliyeruhusiwa kulalia kile kitanda, hata mpangaji, aliyekuwa akilala mkekani na mgongo unamuuma.

"Andika," nikasema.

"Mwalimu amesema tusiandike mutu hatuna hakika naye," mtoto akasema.

"Hakika ninayo mimi. Mwalimu hakumzaa."

"Bibi, lakini iko wapi?"

"Nimekuambia nitakujibu yuko wapi? Umeuliza kama uandike. Andika."

Mtoto aliandika: Baba. Aliandika kwa herufi ndogo kuliko zingine. Kisha akaniuliza, "Nifunge?"

Hapo ndipo palikuwa pagumu. Kumwandika ni rahisi, mtu unaweza kumwandika hata mfalme. Kufunga ndiko kulikonitoa jasho. Kufunga kulisema hao ndio wote, hakuna mwingine anayekuja, hakuna aliyesahaulika njiani, wale niliowazika hawamo, na nyumba hii siku moja itafika mtu wa mwisho kama lile gunia. Nilikuwa nimeishi miaka yote na mlango mmoja wazi, ule wa kutojua tuko wangapi. Na milango mingine yote ilikuwa imefungwa na wanajeshi.

"Funga," nikasema. Akachora lile bano lililoshika kiuno. Nikasimama nikaenda kutwanga sombe ambayo ilikuwa imeshatwangwa.

Asubuhi alikwenda tunduni, akasema kwa sauti ya shule: "Watu wa nyumba yetu ni Bibi, mimi, mpangaji na Baba. Ni seti yenye mwisho."

Mwalimu alijua habari ya lori. Kanyosha nzima ilijua. Nilisimama nyuma ya mtoto nikimngoja aseme neno, nimrushie kinu. Mdomo ule tunduni ulifunguka, ukafungwa.

"Vizuri," akasema. "Sasa tuingie kwenye hesabu za sehemu."

Siku ya konkuru barabara ilikuwa imefungwa. Usiku ule mlima haukulala, na asubuhi hapakuwa na gari hata moja. Mpangaji alisema tungoje. Nikamwambia tumengoja vya kutosha. Mtoto alikuwa amerefuka kule ndani kama mche uliowekwa kivulini, sare yake ya shule ikaishia juu ya magoti, mpangaji akashonea chini kipande cha kitenge chenye maua mekundu. Tukatoka sisi watatu. Miguu yangu ilishangaa barabara, ilikuwa imezoea uwanja.

Kwenye bariera, kizuizi cha kamba cha wanajeshi, kulikuwa na wanawake wengi na watoto wao. Mwanajeshi mmoja kijana akaninyooshea bunduki, si kwa ubaya, kama mtu anayenyoosha fimbo ya kuchungia.

"Mukecuru, we bibi mzee, rudi nyumbani."

"Mjukuu wangu ana konkuru."

"Naona sare. Sare inapita. We hauna sare."

"Mimi ni bibi yake."

"Kila mutu hapa ni bibi ya mutu. Watoto wa sare wanapita, wakubwa wanabaki."

Mpangaji akajaribu. "Afande, huyu mama aliacha shule darasa ya pili, anakuja kumalizia."

Akacheka, lakini hakusogea. Kisha akaangalia kile kitenge chini ya sare. "Na hii maua ni shule gani?"

"Ya nyumba yetu," akasema mtoto. Akapita chini ya kamba.

Nilimwona akienda na wenzake katikati ya barabara tupu, wote wamebeba kalamu mkononi kama mishumaa. Hakugeuka. Nilitaka ageuke, na angegeuka ningemwita arudi. Tangu vita vianze hakuwahi kuwa mbali nami kuliko urefu wa uwanja.

Tulikaa kwenye vumbi mpaka jua likashuka upande wa Kongo. Wanawake walisali, wengine walisuka. Mpangaji alimuuzia mke wa mtu kilemba alichokuwa amekivaa. Kisha watoto wakaonekana kwa mbali, wadogo wadogo, na mimi, niliyekataa maisha yote kunyooshea watoto kidole, nilikuwa nikiwanyooshea mmoja mmoja nikimtafuta wangu.

Nilimshika bega. "Ile ya seti imekujaje?"

"Haikuulizwa, Bibi."

"Ipi haikuulizwa?"

"Seti. Hakuna hata moja. Wameuliza sehemu, na mita, na tangi ya maji inajaa lini."

Nilisimama pale barabarani nikatukana. Nilitukana waliotunga mtihani, na mama zao, na tangi lao. Mwanajeshi kijana akauliza kuna nini, mpangaji akamwambia, "Mwache, mitihani imemushinda." Mwalimu naye, nilipompa habari kupitia tundu, akasema, "Wajinga," kisha akaniuliza kama kuna sombe.

Majibu yalipotoka alikuwa ameshinda. Sitawaambia alikuwa wa ngapi, mtasema najisifu, lakini mtoto aliyekuwa mbele yake shuleni kwao hakuwapo. Alipewa shule ya bweni mkoani, juu kwenye baridi. Siku ya kuondoka nilitoa lile shuka la kitandani kwa mwanangu, nikalifunga na godoro la mtoto. Mpangaji aliniangalia nikilikunja, na siku iliyofuata nilimwambia ahamie kwenye kile kitanda.

Mtoto alipanda lori la shule pamoja na watoto wengine, wamekalia magodoro yao. Bati la lango lilikuwa wazi na mimi nimelishikilia kwa mkono, maana lilikuwa na tabia ya kujifunga lenyewe. Akaniambia, "Bibi, usisimame inje." Nikamwambia asinifundishe.

Barabara ilifungwa tena kabla ya Jumapili. Yeye alikuwa ameshapita.